Mikono Miwili ya Kushoto

Tarehe 2 Machi

Mwanangu Macho,

Marahaba mara mia. Naanza na marahaba kwa sababu shikamoo yako imesafiri mbali ndani ya bahasha, na mimi si mtu wa kuiacha shikamoo ya mwanangu isubiri mlangoni.

Barua imefika Jumanne, nina sketi ya shule chini ya sindano na wateja watatu kwenye benchi. Nikaisoma kwa sauti. Nilipomaliza akaingia wa nne, nikaanza upya. Kinyozi wa mkabala akakiacha kichwa cha mtu nusu kimenyolewa, akaja kusimama mlangoni na mashine mkononi, ikabidi nianze tena kwa heshima yake. Wewe uliandika ukurasa mmoja, lakini kwa jinsi nilivyousoma mimi ulikuwa kitabu.

Watu wananihurumia eti huko kwenye kituo chenu simu zinaachwa getini, zisiisumbue ile darubini ya bakuli inayosikiliza anga. Hawajui raha yangu. Simu ukishakata imekwisha. Barua naiweka kwenye droo ya vifungo, nikitaka kujisifu naivuta.

Ila umeandika kwa ubahili, mwanangu. "Nafanya kazi na picha za zamani za anga." Basi? Mtu amesoma mpaka vitabu vimemwomba apumzike, halafu aniandikie maneno manane! Kinyozi anavyojisifia mwanawe rubani unamjua. Jana kaniuliza, "Fundi, wa kwako huko anaona nini hasa?" Nikamwambia wako anaruka chini ya nyota, wangu nyota zinaruka chini yake. Akarudi kunyoa, lakini na mimi usiku wote nikawa najiuliza: kwani anaona nini hasa?

Kwa hiyo jibu haya. Umeona nini? Ni kikubwa kiasi gani? Kimepewa jina? Na zile nyota za Kilimia ukizitazama kwa darubini zipo ngapi? Bibi yako aliona saba. Mimi naona sita, na siku nikiwa na usingizi tano. Wewe ulikuwa na miaka minne ukasema tisa, nikakupiga kikofi kwa uongo. Halafu yule mwalimu wa jirani akasema wenye macho makali huona hata zaidi, ndiyo jina la Macho likakukaa. Sikumbuki kama nilikuomba radhi.

Andika kwa urefu na kwa maneno ya kusomeka mbele za watu.

Mama yako,
Fundi


Tarehe 11 Machi

Mama mpendwa,

Shikamoo. Hukuniomba radhi, lakini ulininunulia maandazi mawili, kwa hiyo tumeshayamaliza.

Nimepata maswali yako na nayajibu nikijua benchi zima linasikiliza. Wateja wa Mama, hamjambo? Kinyozi, mrudie mtu wako.

Ninapofanya kazi panaitwa Maktaba ya Vioo. Zamani, kabla ya kamera hizi za sasa, anga lilipigwa picha juu ya kioo. Kioo ukubwa wa trei, na nyota zimetoka nyeusi juu ya weupe, kama pilipili manga iliyomwagika kwenye shuka. Vipo maelfu, vimesimama kwenye makabati kila kimoja na bahasha yake. Kile cha Kilimia nimekitafuta kwa ajili yako. Mama, niliacha kuhesabu nilipofika mia mbili. Ni kishada kizima, nyota zilizozaliwa pamoja na bado zinatembea pamoja. Kwa hiyo mwambie bibi, huko aliko, kwamba sote tulikuwa bahili.

Kuna vishada kama hicho, kuna nebula, yaani mawingu ya gesi na vumbi ambamo nyota hutungwa, na kuna galaksi, ambazo ni nyota mabilioni kwa mabilioni, lakini kwa umbali wake zinaonekana kama doa la kidole chenye mafuta. Wazee wa kazi hii walikuwa hawajui tofauti, kila kilichofifia wakakiita nebula. Palikuwa na mmoja aliyekesha akitafuta nyota zenye mikia. Madoa hayo yakawa yanamdanganya, akaandika orodha yake ili asipoteze muda nayo tena. Leo nyota zake za mikia wanazikumbuka wachache, lakini ile orodha ya madoa yaliyomuudhi inatumika dunia nzima.

Waliovisoma vioo hivi zaidi ya miaka mia iliyopita walikuwa wanawake. Walikaa mezani na kioo cha kukuzia, wakazungushia duara la wino kila walichokishuku. Majina yao daftari halikuyajali. Linasema tu "amesoma bibi wa mlangoni", "amesoma bibi wa dirishani", kwa mahali alipokaa. Huyo wa dirishani mkono wake naujua sasa. Duara zake ni ndogo na hazijawahi kugusa nyota.

Mimi nashughulika na hivyo vioo. Kwa uangalifu sana, usiwe na wasiwasi. Tangu niharibu zile blauzi za kwaya nikiwa na miaka saba, sijawahi kugusa kazi ya mtu bila kutetemeka.

Nina ombi moja. Ukiwa na mabaki ya pamba laini, iliyofuliwa sana, isiyotoa nyuzi, nitumie. Huku tunavyopewa vinakwaruza.

Binti yako,
Macho


Tarehe 20 Machi

Mwanangu Macho,

Marahaba. Pamba hiyo hapo kwenye kifurushi, vipande arobaini. Ni pamba ya mashuka ya hospitali niliyoyashona zamani, imefuliwa mpaka imekuwa kama shavu la mtoto. Nimeipinda kingo zote ili isitoe hata uzi mmoja, na kwenye kona ya kila kipande nimetia kinyota cha uzi wa bluu. Wenzako wakiuliza, waambie ndivyo kwetu tunavyofanya kazi. Hukusema ni vya nini, lakini mimi si mjinga, nimejua ni vya kufunikia mitambo.

Barua yako imesomwa mara tisa. Pale kwenye "mabilioni kwa mabilioni" mteja mmoja alisahau kuchukua suruali yake. Kinyozi uliyemsalimia hajaniongelesha siku mbili, na naziona ni siku nzuri.

Tena kuna jambo. Mwalimu Mkuu alikuja kupima suti ya mahafali. Nikiwa nimepiga magoti namwekea pini kwenye pindo, akaniuliza habari zako. Sasa mtu amesimama, hawezi kusogea, ana pini miguuni, muda upo: nikamweleza. Huenda niliongeza chumvi kidogo. Chakula bila chumvi nani anakila? Nimemwambia tu ulivyo. Usishangae akikuandikia.

Kuhusu hizo blauzi za kwaya, uliyekuwa mtoto ni wewe. Yameshapita, acha kuyataja taja.

Mama yako,
Fundi


Tarehe 27 Machi

Kwa Mtaalamu wa Nyota,
Kituo cha Darubini.

YAH: MWALIKO WA MGENI RASMI, SIKU YA SAYANSI

Tafadhali husika na mada tajwa hapo juu.

Uongozi wa shule yako ya zamani umepokea kwa furaha kubwa taarifa, kutoka kwa mama yako mzazi, kwamba umegundua galaksi. Aidha, tumearifiwa kuwa galaksi hiyo iko mbioni kupewa jina la cherehani ya mama yako kwa kuwa ndiyo iliyokusomesha.

Kwa heshima hiyo, unaalikwa kuwa mgeni rasmi Jumamosi tarehe 10 Mei, ambapo utawaeleza wanafunzi jinsi ulivyoigundua. Kwaya ya shule imeshatunga wimbo. Wanafunzi wa darasa la sita wameichora ukutani, ingawa kwa kukosa picha wametumia makadirio.

Wako katika elimu,
Mwalimu Mkuu


Tarehe 4 Aprili

Mama,

Shikamoo. Hii usiisome dukani. Kama umeshaanza kwa sauti, acha hapo, kohoa, sema herufi hazionekani.

Nimepata barua ya Mwalimu Mkuu. Wamechora ukutani, Mama! Wimbo umetungwa!

Mimi sijagundua galaksi. Sijagundua hata kijiwe. Sikukwambia ukweli, na kosa la kwanza ni langu, kwa hiyo sikufokei kama ninavyotamani. Kazi yangu hapa ni kufuta. Mkataba wa mwaka mmoja. Vioo vyote vinaingizwa kwenye kompyuta kwa mashine ya kuskani, na mashine inataka kioo kisafi, kwa sababu wino ukikaa juu ya nyota, ile nyota inapotea kwenye hesabu. Kwa hiyo kabla ya kuskani mtu anachukua spiriti na kitambaa laini, anafuta zile alama zote. Mtu huyo ni mimi. Vinyota vyako vya bluu viko kwenye kona ya kitambaa ninachofutia. Kila siku nafuta duara za wale akina mama kwa pamba uliyoipinda wewe.

Najua kwa nini inafanyika. Nyota zilizo kwenye kioo zina faida kuliko wino, hilo msimamizi amenieleza na ni kweli. Lakini hakuna anayezipiga picha zile alama kwanza. Zikifutwa, zimefutwa.

Kuna kioo kimoja nimeshindwa. Namba mia nne kumi na saba. Ni cha bibi wa dirishani. Kilivunjika zamani, wakakiunga kwa kukifunika na kioo cha pili juu yake na kukizungushia utepe mweusi kingoni. Duara zake kumi na nne ziko kwenye kile kioo cha juu. Na zote kumi na nne, Mama, zimezungushwa mahali ambapo hakuna kitu. Nimeangalia kwa kioo cha kukuzia mpaka jicho limetoa machozi. Msimamizi alicheka, akasema, "Huyu siku hiyo alikuwa anasinzia, au alikuwa hajui kazi. Futa." Nimekisogeza nyuma ya foleni mara tatu. Sasa kaniwekea siku: tarehe 30 kiwe safi.

Mimi nimefuta maelfu ya duara zake na sijaona hata moja iliyokosea. Leo nithibitishe kwa mkono wangu kwamba alikuwa mvivu? Sina hoja nyingine zaidi ya kuwa naujua mkono wake.

Nimekuwekea picha ya kioo hicho, imekuzwa, ili uone ninachofuta mimi mgunduzi wako. Mwambie Mwalimu Mkuu ukweli kabla hawajajifunza ubeti wa pili.

Binti yako


Tarehe 22 Aprili

Mama,

Shikamoo. Gari la posta limekuja mara mbili, mikono mitupu. Kama umekasirika, nikasirikie kwa maandishi. Nitukane hata ukurasa mzima, ila niuone mwandiko wako. Nilikuwa mkali kuhusu wimbo. Tarehe 30 ni Jumatano ijayo na ile kazi itabidi niifanye.

Mwanao,
Macho


Tarehe 19 Aprili

Mwanangu,

Marahaba.

Barua yako sikuisoma dukani. Niliisoma chooni, nimefunga kwa kitasa. Nilipotoka kinyozi akauliza, "Ehee, galaksi inasemaje?" Nikamjibu miwani imevunjika. Nikaishi bila miwani siku nne, nikashona zipu kwa kupapasa, kwa ajili ya uongo wangu mwenyewe.

Nilikukasirikia, sikufichi. Nilijisikia kama mtu aliyevaa nguo mpya akaambiwa mbele ya watu kuwa imechanika nyuma. Halafu nikakaa, nikajiuliza aliyekuvalisha hiyo nguo nani. Ni mimi na chumvi yangu.

Siku ya tano nikavaa miwani, nikaitandaza ile picha yako juu ya meza ya kukatia, nikaibana pembe nne kwa vile vyuma vyangu. Sasa nisikilize, na ukicheka cheka baadaye.

Mimi nyota sizijui. Lakini alama nazijua, miaka thelathini na mbili natia chaki kwenye kitambaa. Mtu akisinzia, chaki yake inalegea: duara moja kubwa, nyingine yai, nyingine haijafunga. Huyu mama duara zake zote kumi na nne zimefunga, zote ukubwa wa kifungo kimoja cha shati. Huyo hakusinzia. Na mtu asiyejua kazi anatia alama hovyo, huku mbili, huku moja. Huyu kuna mahali ametia sita zimebanana kama watu wanaongea. Alikuwa anaona kitu! Nikaangalia pale penye sita, nikakuta kweli peupe. Lakini upande wa pili wa kioo, sawa kwa sawa, pana vidoa sita vya kijivu vimebanana, vidogo kama mafuta ya cherehani. Havina duara hata moja.

Mwanangu, kosa hilo nalijua.

Ukikata mkono wa blauzi, karatasi ya kukatia unailaza juu ya kitambaa, unakata mkono wa kushoto. Kwa mkono wa kulia, lazima uigeuze karatasi kifudifudi. Usipogeuza, kitambaa chenye uso na mgongo kitakupa mikono miwili ya kushoto. Kila alama iko sahihi, kila kipimo sahihi, na blauzi haivaliki.

Nikachukua karatasi yangu nyepesi, nikaiweka juu ya picha, nikazichora zile duara kumi na nne. Nikaigeuza. Nikaipanga kingo kwa kingo. Mwanangu! Kumi na moja zilikaa juu ya vidoa kama kifungo kwenye tundu lake. Tatu sioni kitu ndani, lakini macho ni wewe, si mimi. Ninavyoona, kile kioo cha juu kiliwahi kufunguliwa baada ya yeye kutia alama, na waliokiunga upya walikirudisha kimegeuzwa. Kosa si la bibi wa dirishani. Amesingiziwa, na yuko kaburini, hawezi kujitetea.

Sasa lile nililolikwepa muda mrefu, maana siwezi kukwambia hilo la mtu mwingine nikaacha la kwangu.

Zile blauzi thelathini na mbili za kwaya ya shule hukuziharibu wewe. Hukugeuza karatasi yoyote. Nilizikata mimi, nikiwa na haraka na kiburi, natangazia watu kwamba nakata nguo huku naongea. Zilipotoka zote na mikono miwili ya kushoto, wazazi wakanijia juu, duka lilikuwa na miezi miwili tu, nikaogopa. Ulikuwa umekaa chini ya meza unatunga sindano. Nikasema, "Ni huyu mtoto, kachezea karatasi zangu." Wakacheka, wakanisamehe. Wewe ulinitazama, ukaangalia mikono yako, ukaamini. Ukaomba radhi, mwanangu. Wewe ukaniomba radhi mimi.

Mtoto aliyehesabu nyota tisa nikampiga, mtoto aliyekaa kimya nikamsingizia. Na huyo huyo leo kamsimamia mama wa watu asiyemjua hata jina, bila hoja, kwa kuujua mkono wake tu. Hukulipata kwangu hilo, umejizalia mwenyewe.

Usifute. Karatasi niliyochora nimeikunja humu ndani. Igeuze mbele ya huyo msimamizi.

Mama yako


Tarehe 1 Mei

Mama yangu,

Shikamoo, tena shikamoo ya kupiga magoti. Barua yako na yangu zilipishana njiani. Ya kwako ilifika tarehe 28, siku mbili kabla.

Niliingia ofisini kwa msimamizi na karatasi ya kukatia nguo. Akauliza, "Hii nini?" Nikamwambia ni hoja. Nikaiweka juu ya picha ilivyo, akaona duara juu ya weupe. Nikaigeuza. Aliinama juu yake, Mama, muda wa kushona kifungo. Halafu akavua miwani, akaifuta kwa kitambaa chenye kinyota cha bluu, akaivaa, akaangalia tena. "Nani kakuonyesha?" Nikasema, "Mama yangu. Ni fundi." Akauliza, "Fundi wa darubini?" Nikasema, "Wa blauzi."

Tukakifungua kioo jana, tarehe 30 ile ile. Chini ya utepe mweusi kulikuwa na utepe mwingine wa zamani, na alama za gundi zilikuwa upande usio wake. Ulisema kweli. Duara kumi na tatu zimekaa juu ya galaksi. Ya kumi na nne ni chembe ya vumbi tu iliyoganda kwenye kioo. Nimefurahi kwa hilo vumbi kuliko nilivyotarajia, sasa najua alikuwa mtu kama sisi.

Nisikudanganye tena: zote kumi na tatu zinajulikana leo. Wengine waliziona kwa darubini kubwa na kuziorodhesha. Lakini tarehe ya kioo chake imetangulia orodha hiyo kwa miaka ishirini na sita. Alikaa dirishani, akaziona kwanza, akazungushia, akarudi nyumbani, na hakuna aliyemuuliza.

Msimamizi amesimamisha kufuta. Kila kioo sasa kinapigwa picha na alama zake kwanza, ndipo kisafishwe, na kazi hiyo amenipa mimi niisimamie. Kwenye orodha mpya, mbele ya namba 417, nimeandika: "Galaksi kumi na tatu. Ameziona bibi wa dirishani." Akaniambia siyo jina la kitaalamu. Nikamwambia ndilo tulilo nalo. Ameliacha.

Kuhusu blauzi. Nilisoma mara moja, nikatoka nje, nikazunguka jengo. Mama, miaka ishirini na moja nimekuwa nikiuomba mkasi radhi. Nilikuwa na hasira nilipofika upande wa nyuma wa jengo, na nilipomaliza mzunguko nilikuwa nacheka peke yangu. Bado vyote viwili vipo, nitakuja navyo likizo ya Agosti, utavikuta. Lakini uangalifu ulionipa kwa uongo ndio uliokizuia kitambaa changu juu ya kioo kile, kwa hiyo sijui nikushtaki kwa lipi.

Tarehe 10 sitaweza kuja, ndiyo kwanza kazi mpya imeanza. Mwandikie Mwalimu Mkuu, au niandike mimi. Sema neno.

Binti yako,
Macho


Tarehe 11 Mei

Mwanangu Macho,

Marahaba. Sikumwandikia Mwalimu Mkuu. Nilikwenda mwenyewe.

Nilivaa gauni la zambarau lenye kola niliyoishona kwa mkono. Nilipofika wakanikalisha mbele kama mama wa mgeni rasmi, na ukutani nikaiona galaksi yako, wameichora kama yai la kukaanga. Kwaya ikaimba. Wimbo mzuri, mwanangu, beti nne, na kila ubeti nilikuwa nazidi kuwa mfupi kwenye kiti. Mwalimu Mkuu akasema, "Mgeni wetu amepata dharura, mama yake atatoa salamu."

Nikasimama. Kinyozi alikuwa safu ya pili na mke wake, amekaa mkao wa kusubiri. Nikaona nikianza na wewe nitaanza tena kutia chumvi. Nikafungua mfuko, nikaitoa ile blauzi.

Hukujua ninayo. Thelathini na moja nilizifumua nikazirekebisha, moja kitambaa kilichanika, nikaificha chini ya sanduku. Nikawaambia watoto, nani mwembamba hapa? Akatoka binti mmoja wa darasa la nne, nikamvalisha. Mkono mmoja umemkaa, mwingine umempinda kwapani kama bawa la kuku. Shule nzima ikacheka. Nikasema, "Nani alikata hii?" Wazazi wa zamani wakajibu, ni binti yako, alichezea karatasi! Nikasema, "Hapana. Mimi ndiye niliyeikata, na nikamsingizia mtoto wa miaka saba mbele ya wengi wenu. Leo mbele yenu natengua."

Ndipo nikawaeleza yote. Kwamba hujagundua galaksi, niliisema mimi nikiwa nampima Mwalimu Mkuu suruali. Nikawaeleza bibi wa dirishani na duara zake, na kioo kilichogeuzwa, na kwamba uliambiwa ufute ukakataa. Nikachora duara ubaoni, nikageuza karatasi, wakaona wenyewe kwa macho yao. Mtoto mmoja akauliza, "Sasa huyo bibi alikuwa anaitwa nani?" Nikasema hatujui. Akasema, "Aulizwe mama yake." Hapo ikabidi nijifanye natafuta chaki.

Mwalimu Mkuu hakukasirika. Alisema wimbo utabaki, watabadilisha maneno tu. Darasa la sita wanaongeza madoa kumi na mawili kando ya lile yai, na duara juu ya kila moja. La kumi na nne nimewaambia waliweke pia, walipake vumbi.

Jioni kinyozi akavuka barabara. Akasimama mlangoni, akaniambia, "Fundi, kwa hiyo kumbe galaksi si ya kwenu."

Nikamwambia, "Si ya kwetu. Zipo kumi na tatu, na zote za bibi wa dirishani. Lakini bila mwanangu zingekuwa zimefutwa, na bila kosa langu mwanangu asingejua pa kuangalia. Nitajie fundi mwingine ambaye kosa lake limefika huko."

Akafikiri. Akasema, "Rubani wangu kweli hajafika."

Agosti njoo na hasira yako na kicheko chako, vitanda vipo viwili. Barua hizi zote nimezisomea benchi zima, na ile uliyonikataza pia, sasa haina cha kuficha. Blauzi nimeitundika dirishani, pale pale ninapokaa kushona, mikono yake yote miwili ikielekea kushoto. Wateja wanauliza kama inauzwa. Nawaambia hiyo haiuzwi, kaeni kwanza niwasomee ilikotoka.

Mama yako,
Fundi wa Dirishani